Pensheni ya ulemavu: Mambo ya kuzingatia kabla ya kuandika barua ya kuacha kazi

Mwalimu wa Newala anayepoteza uwezo wa kuona na mbanguaji wa korosho wa Masasi aliyeungua mikono kwa mafuta ya maganda ya korosho wanaweza wote kufikia hatua ya kushindwa kuendelea na kazi. Hata hivyo, njia zao za kupata haki hazifanani, na kosa linalofanyika mwanzoni linaweza kuwagharimu kwa maisha yao yote.

Kosa kubwa ni mtumishi kuandika barua ya kuacha kazi kwa hiari kwa sababu ameona hawezi tena. Kisheria, kuacha kazi kwa hiari si sawa na kustaafu kwa sababu ya ugonjwa au ulemavu. Anayeugua anapaswa kubaki katika ajira, kuomba likizo ya ugonjwa na kupimwa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mfanyakazi likizo ya ugonjwa ya siku 126 katika mzunguko wa miezi 36: siku 63 za kwanza kwa mshahara kamili na 63 zinazofuata kwa nusu mshahara. Mwajiri naye anatakiwa kuangalia kama ipo kazi nyingine inayomfaa kabla ya kusitisha ajira.

Hatua inayofuata ni kubaini chanzo cha ulemavu. Ikiwa umetokana na ajali au ugonjwa wa kazini, madai hupelekwa Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi (WCF), ulioanzishwa chini ya sheria ya mwaka 2008, ambao huchangiwa na mwajiri peke yake. Taarifa itolewe mapema, kwa kuwa madai yasiyowasilishwa ndani ya miezi 12 yanaweza kupotea. Ulemavu wa kudumu usiozidi asilimia 30 hulipwa kwa mkupuo. Unaozidi kiwango hicho hulipwa pensheni ya kila mwezi.

Ikiwa chanzo hakihusiani na kazi, mtumishi wa umma huelekea Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma (PSSSF), ulioanza Agosti 1, 2018 baada ya kuunganishwa kwa PSPF, LAPF, PPF na GEPF. Mfanyakazi wa sekta binafsi huelekea NSSF. Mkulima au mfanyabiashara aliyejiunga na NSSF kwa hiari naye ni mwanachama, mradi anachangia.

Kwa mwanachama wa NSSF, miongoni mwa masharti ni kuwa hajafikisha umri wa miaka 60, na bodi ya madaktari imethibitisha kuwa amepoteza theluthi mbili ya uwezo wa kujipatia kipato. Aidha, awe amechangia miezi 180, au angalau miezi 36 ambapo 12 kati yake ni ya kipindi kilichotangulia ulemavu. Ndiyo maana anayekaa nyumbani muda mrefu bila michango kabla ya kupimwa hujiweka katika hatari ya kukosa sifa.

Barabara ya Mtwara–Newala–Masasi ina urefu wa kilomita 210, hivyo ni vyema mwanachama akamilishe nyaraka kabla ya kusafiri: fomu ya madai iliyojazwa na mwajiri, taarifa ya daktari, barua ya ajira, kitambulisho cha taifa na taarifa za akaunti ya benki. Aombe pia taarifa ya michango yake, ili miezi isiyowasilishwa na mwajiri ifuatiliwe mapema. Hana sababu ya kumlipa mtu wa kati.

Aliyekwisha kuachishwa kazi kwa sababu ya ugonjwa bila utaratibu kufuatwa anaweza kulalamika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA) ndani ya siku 30. Familia na viongozi wa vijiji wanahimizwa kumsaidia mgonjwa kufuatilia, kwani mara nyingi anayehitaji zaidi haki hiyo ndiye mwenye nguvu kidogo za kuidai.