Leseni ya madini inapoangukia shamba la mahindi

MKULIMA wa Handeni mwenye hati ya hakimiliki ya kimila huamini kuwa kilichomo shambani mwake ni chake. Mahindi, sawa. Machungwa, sawa. Dhahabu, hapana. Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inaweka madini yote chini ya Rais kwa niaba ya wananchi, na leseni hupewa aliyewahi kuomba. Ndiyo maana ardhi moja huweza kuwa na karatasi mbili halali, zenye majina mawili tofauti.

Jambo hilo si geni katika ukanda huu. Kilima cha Magambazi, Handeni, kilichimbwa na wachimbaji wadogo kabla ya kampuni ya Canaco ya Canada kuja kuchoronga miamba mwishoni mwa miaka ya 2000. Kwa upande wa Korogwe, Kalalani inajulikana kwa vito.

Anayetaka kupinga leseni asitegemee tu kusema shamba ni la babu yake. Hoja yenye nguvu zaidi ni ridhaa. Mwenye leseni haruhusiwi kufanya kazi ndani ya mita 200 kutoka nyumba ya kuishi, wala mita 50 kutoka shamba lililolimwa, bila ridhaa ya maandishi ya mmiliki halali. Mita 50 si nyingi. Ni nusu tu ya uwanja wa mpira. Tena ridhaa ikinyimwa bila sababu ya msingi, mamlaka inaweza kuamua kuwa haihitajiki. Hapo hubaki suala la fidia.

Mgogoro wa mipaka au fidia hupelekwa kwanza Tume ya Madini, iliyotokana na marekebisho ya sheria ya mwaka 2017. Asiyeridhika hukata rufaa Mahakama Kuu.

Leseni yenye mhuri inaweza kuanguka. Kwa majirani wa Tanga, huko Kwale nchini Kenya, kampuni ya Cortec ilipewa leseni ya kuchimba Mlima Mrima mwaka 2013, ikafutwa mwaka huohuo. Kampuni ilishindwa Mahakama Kuu mwaka 2015, ikaenda kwenye usuluhishi wa kimataifa, na Oktoba 2018 ikashindwa tena. Leseni ilikuwa imetolewa bila tathmini ya mazingira, katika mlima ambao ni msitu wa hifadhi.

Tanzania ilikutwa na kinyume chake. Baada ya kufuta leseni za kuhodhi maeneo mwaka 2018, ilikubali mwaka 2023 kuilipa kampuni ya Winshear Dola za Marekani milioni 30. Mwekezaji wa nje, basi, ana mlango wa kugonga nje ya nchi. Mkulima wa Handeni hana. Ana ofisi ya kijiji, Tume na mahakama.

Huko anahitaji muhtasari wa mkutano wa kijiji, ramani ya shamba, na hesabu ya miti na mazao iliyofanywa mbele ya mashahidi kabla katapila halijaingia, kwa kuwa mthamini wa fidia huandika anachokikuta.