Usiue Vifaranga kwa Maranda: Chagua Matandazo kwa Akili

Mvua za masika zimeanza, na simu ni zilezile: "Afisa, vifaranga wanahema kwa shida na wanakufa, nimewapa dawa hazisaidii."

Juzi niliitwa Pongwe kwa kijana mwenye vifaranga 300 wa nyama, umri siku 9. Chakula kizuri, joto lipo, chanjo wamepata. Nikachota maranda pale bandani: yananuka uvundo, yana ukungu. Alinunua magunia ya bei poa yaliyonyeshewa. Rahisi ni ghali! Vumbi la ukungu likivutwa na kifaranga huota kwenye mapafu, na hapo hakuna tiba ya maana. Kinga ni matandazo makavu na safi.

Utumie nini huku kwetu?

- Maranda ya mbao: ndiyo chaguo la kwanza, yananyonya maji vizuri. Uliza yametoka kwenye mbao gani. Mbao iliyotiwa dawa, ile yenye ukijani, inaweza kuwa na arseniki. Achana nayo.
- Unga wa mbao: mlaini mno. Vifaranga wanaudhania chakula, unajaa kwenye gole. Vumbi lake pia linawakera kifuani.
- Pumba za mpunga: zinapatikana Korogwe na Mombo. Hazinyonyi maji sana, kwa hiyo changanya na maranda.
- Makumbi ya nazi: yakatekate, yachekeche na uyaanike vizuri. Nyuzi ndefu zinanasa miguu.
- Mchanga wa baharini: hapana. Una chumvi, unavuta unyevu, na chumvi nyingi ni sumu kwa kifaranga.

Tandaza unene wa inchi 2 hadi 4. Siku 2 au 3 za mwanzo funika kwa maboksi yaliyokunjuliwa, wajue kwanza chakula ni kipi. Usiweke gazeti laini peke yake. Wanateleza na miguu inatanuka.

Kipimo cha kiganja

Kila asubuhi fumbata matandazo mkononi, kisha achia:

1. Yakibaki donge, yamelowa. Toa yaliyolowa, weka makavu.
2. Yakishikana kidogo halafu yakaachia, yako sawa.
3. Yakitawanyika yote na kutimua vumbi, yamekauka mno.

Halafu chuchumaa usawa wa kifaranga, uvute pumzi. Macho yakikuwasha, hewa ya mkojo imezidi. Fungua mapazia upande usio na mvua. Unyevu ukiendelea, kuhara damu nako kunakuja.

Yule kijana tulimtolea maranda yote, tukaweka makavu. Waliokwisha kuathirika aliwapoteza, waliobaki wanaendelea. Gunia zuri lingemgharimu kidogo kuliko vifaranga aliozika.

Kwa hiyo kabla hujalipa, fungua gunia, ingiza mkono mpaka katikati, nusa. Likinuka uvundo, liache hapohapo.