Kabla ya kutia sahihi mkopo, liulize jedwali: Itakuwaje?

WAHENGA walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Wafanyabiashara wengi wadogo wa Likoni, Kisauni na Changamwe wanalo daftari hilo, nao huandika humo mauzo ya jana na madeni ya wateja. Hata hivyo, daftari lina upungufu mmoja: hueleza yaliyokwisha kutendeka, wala halimwonyeshi mwenyewe yatakayompata endapo mvua itanyesha mwezi mzima au bei ya petroli itapanda.

Kazi hiyo ya pili hufanywa na lahajedwali, yaani jedwali la kompyuta lenye safu za tarakimu zinazotegemeana. Mtumiaji akibadilisha tarakimu moja, nyingine zote zinazohusiana nayo hujibadilisha papo hapo. Kwa sababu hiyo, anaweza kuuliza "Itakuwaje?" mara nyingi apendavyo bila ya kupoteza hata senti moja.

Chanzo cha programu hizi ni tatizo ambalo kila mwenye daftari analijua. Dan Bricklin, aliyekuwa mwanafunzi wa biashara katika Chuo Kikuu cha Harvard nchini Marekani, aliona jinsi kosa moja kwenye hesabu ya ubaoni lilivyomlazimu mwalimu kufuta na kuandika upya tarakimu zote zilizofuata. Mwaka 1979 yeye na mwenzake Bob Frankston walitoa VisiCalc, lahajedwali iliyotumika katika kompyuta za Apple II. Excel ya kampuni ya Microsoft ilifuata mwaka 1985. Siku hizi LibreOffice Calc na Google Sheets hupatikana bila malipo, na simu ya kawaida ya intaneti au saa moja katika saiba inatosha kufanyia kazi hiyo.

Mfano wa tuktuk

Chukulia mama anayeuza viazi karai Mshomoroni, eneo la Kisauni. Ameweka akiba kwa miaka kadhaa na sasa anataka kununua tuktuk iliyotumika, aikabidhi kwa dereva atakayemletea hesabu kila jioni. Akiba yake imepungukiwa na Sh150,000. Mkopeshaji mmoja amemwahidi fedha hizo kwa mwaka mmoja, kwa riba ya asilimia 2 kwa mwezi. Malipo yake yatakuwa Sh15,500 kila mwezi.

Katika lahajedwali, mama huyo anahitaji mistari mitano tu. Katika B1 ataandika hesabu ya siku, Sh800. Katika B2 ataandika siku za kazi kwa mwezi, 26. B3 itabeba matengenezo, bima na leseni, Sh4,000, na B4 malipo ya mkopo, Sh15,500. Katika B5 ataandika fomula =B1*B2-B3-B4. Jibu litakuwa 1,300.

Kwa daftari la kawaida, mambo yangeishia hapo. Biashara inaleta faida ya Sh1,300 kwa mwezi, na baada ya mwaka tuktuk itakuwa yake. Wengi wametia sahihi kwa hesabu kama hiyo.

Lakini sasa maswali yaanze. Itakuwaje msimu wa masika, Aprili na Mei, barabara za ndani za Kisauni zijae maji na tuktuk ifanye kazi siku 22 pekee? Akibadilisha B2, jibu linageuka kuwa hasara ya Sh1,900. Itakuwaje petroli ipande na dereva aombe hesabu ipunguzwe hadi Sh700? Hasara ni Sh1,300. Yote mawili yakitokea pamoja, mama atalazimika kutoa Sh4,100 kwenye viazi ili kulipa deni la tuktuk. Asipokuwa nazo, hatari si kupungukiwa faida tu. Ikiwa chombo ndicho dhamana ya mkopo, anaweza kukipoteza pamoja na akiba yote aliyoitia humo.

Riba moja, majibu mawili

Swali lililo muhimu zaidi linahusu riba yenyewe. Asilimia 2 kwa mwezi inaweza kumaanisha mambo mawili tofauti kabisa. Mkopeshaji huyu anaitoza kwa mkopo wote wa mwanzo, Sh3,000 kila mwezi hadi mwisho, hata pale deni linapokuwa limebaki kidogo. Jumla ya riba ni Sh36,000.

Iwapo asilimia hiyo hiyo ingetozwa kwa salio linalopungua, malipo yangekuwa Sh14,184 kwa mwezi na riba yote takriban Sh20,200. Tofauti inakaribia Sh16,000, ilhali tangazo linasema asilimia 2 katika hali zote mbili. Kwa kweli, mkopo wa kwanza ni sawa na riba ya karibu asilimia 3.5 kwa mwezi juu ya salio linalopungua.

Malipo ya mkopo wa salio linalopungua hupatikana kwa fomula iitwayo PMT. Tuseme chama cha ushirika, yaani sacco, kinatoza asilimia 1 kwa mwezi. Mama ataandika =PMT(1%,12,-150000), naye atapata Sh13,327. Akiweka tarakimu hiyo katika B4, faida ya mwezi wa kawaida inapanda hadi Sh3,473. Siku zikipungua hadi 22, bado anabaki na Sh273. Mvua na kupungua kwa hesabu vikikutana, hasara ni Sh1,927.

Hapo linazuka swali jingine. Itakuwaje mkopo huo wa sacco ulipwe kwa miezi 18 badala ya 12? Malipo yanashuka hadi Sh9,147, na hata katika mwezi mbaya kuliko yote mama anabaki na Sh2,253. Gharama ya utulivu huo ni riba ya ziada ya takriban Sh4,700 kwa muda wote wa mkopo. Lahajedwali haiwezi kumwamulia kama inafaa kulipia, lakini sasa anajua bei yake kabla ya kuinunua.

Kuanzia jibu kurudi swali

Wakati mwingine mtu analijua jibu analolitaka, ila hajui afikeje. Excel, chini ya menyu ya Data, pamoja na LibreOffice Calc, zina kifaa kiitwacho Goal Seek. Mtumiaji huambia programu kwamba B5 iwe sifuri, kisha huitaka imtafutie tarakimu ya B1. Kwa mkopo wa kwanza, jibu ni Sh750 kwa siku 26. Hesabu ikishuka chini ya hapo, biashara inakula mtaji. Akiuliza kuhusu siku badala ya hesabu, ataambiwa kwamba mkopo wa kwanza unahitaji siku 25 za kazi kila mwezi, mkopo wa sacco wa mwaka mmoja siku 22, na ule wa miezi 18 siku 17.

Mbinu hii haibagui aina ya ufadhili. Kwa wakazi wanaojiepusha na riba, benki zinazofuata sharia, kama vile Gulf African Bank iliyoanza kazi mwaka 2008, huuza mali kwa utaratibu wa murabaha. Benki hununua kitu, ikamuuzia mteja kwa bei iliyoongezwa faida inayojulikana tangu mwanzo. Mteja ataandika malipo hayo ya kila mwezi katika B4 na kuuliza maswali yale yale.

Vivyo hivyo kwa mikopo ya simu. Huduma ya M-Shwari ilipozinduliwa Novemba 2012, ada yake ilikuwa asilimia 7.5 kwa mkopo wa siku 30. Kwa Sh10,000, ada hiyo ni Sh750, kiasi kinachoonekana kidogo. Aliyeukopa upya mkopo huo kila mwezi kwa mwaka mzima alilipa Sh9,000, huku akiendelea kudaiwa zile Sh10,000 za mwanzo.

Mkazi wa Changamwe anayetaka kuhamia Mikindani anaweza kulinganisha kodi ya nyumba na nauli ya watoto wa shule. Mwenye gari wa Likoni anaweza kupima nauli ya feri na muda wa foleni dhidi ya petroli ya kuzungukia Dongo Kundu.

Tahadhari moja inastahili kuzingatiwa. Jedwali halijui ukweli, bali linajua lilichoambiwa. Anayeandika siku 30 za kazi kwa sababu ndivyo anavyotamani atapewa faida ya kutamanika. Kwa hiyo, kabla ya kuandika tarakimu yoyote, ni vyema kumuuliza mwenye tuktuk mwingine alipata siku ngapi mwezi Mei. Aidha, mkopeshaji aombwe jedwali kamili la malipo, likiwa na ada ya usajili, bima ya mkopo na faini za kuchelewa.

Kisha mwezi mbaya ujaribiwe kwanza, na mzuri baadaye. Mkopo unaoweza kulipika wakati wa masika utalipika kiangazi. Ule unaolipika kiangazi pekee ni afadhali ukataliwe mapema, kalamu ikiwa bado haijagusa karatasi.