Pete Tatu za Waelfi na Swala la Wakati katika Riwaya ya Tolkien

Msomaji wa Kiswahili asikiapo habari za pete yenye nguvu za ajabu, aghalabu humkumbuka Nabii Suleimani na majini aliowatiisha, au pete ya Aladini katika hekaya za Alfu Lela Ulela. Pete za namna hiyo hutawala viumbe na kuleta mali. Makala hii yahusu pete za namna nyingine, nazo ni Pete Tatu za Waelfi katika The Lord of the Rings, riwaya ya J. R. R. Tolkien (1892–1973) iliyotolewa kwa majuzuu matatu mwaka 1954 na 1955. Nguvu za pete hizo ni nguvu juu ya wakati, ijapokuwa si kwa maana iliyozoeleka ya kumrudisha mtu jana au kumrusha kesho. Nitajaribu kuonyesha kwamba maana hiyo haieleweki vema pasipo kukumbuka kazi aliyoifanya mtungaji huyu maishani mwake, kwani tangu mwaka 1925 hadi 1959 alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Oxford, na uwanja wake ulikuwa lugha ya Kiingereza, hasa ile ya kale.

Waelfi ni viumbe wanaofanana na binadamu, ila hawafi kwa uzee. Huzuni yao yatokana na jambo hilo hilo. Wao wanabaki, lakini miti, nyumba na nchi wazipendazo zinachakaa mbele ya macho yao. Mhunzi wao Celebrimbor, wa nchi ya Eregion, alifua pete tatu za kuzuia uchakavu huo: Narya ya moto, Nenya ya maji, na Vilya ya hewa. Sauron, adui mkuu, hakuzigusa kamwe. Lakini elimu ya kuzifua ilikuwa imetoka kwake, alipowajia wahunzi kwa sura ya mwalimu mwema, na baadaye akafua kwa siri Pete Kuu ya kuzitawala zote. Kwa hiyo kila kilichohifadhiwa kwa Pete Tatu kilifungamana na Pete Kuu, na hatima zao zikawa moja. Katika barua ndefu ya mnamo mwaka 1951 aliyomwandikia mhariri Milton Waldman, Tolkien alieleza kwamba nguvu kuu ya pete zote za Waelfi ni kuzuia au kuchelewesha kuchakaa kwa vitu.

Nguvu hiyo yaonekana wazi katika msitu wa Lothlórien, anakotawala Bibi Galadriel mwenye Nenya. Wasafiri wanakaa humo mwezi mzima, nao hawaujui urefu wake. Walipokwisha kutoka, Sam akautazama mwezi mwandamo angani akashangaa, maana hesabu ya siku alizozikumbuka haikulingana na mwezi aliouona. Frodo alidhani kwamba huenda walikuwa katika wakati mwingine uliokwisha kupita zamani. Legolas, ambaye mwenyewe ni Mwelfi, alikataa: wakati hausimami, ila mabadiliko hayaendi kwa mwendo mmoja mahali pote. Frodo akaitaja Pete, na Aragorn akamkanya kwa kuitamka siri hiyo nje ya Lothlórien.

Ngano nyingi za Ulaya zingalifuata njia nyepesi zaidi. Oisín wa Waairishi alidhani amekaa miaka mitatu katika nchi ya ujana, kumbe mia tatu imepita. Na msomaji wetu atawakumbuka pia Watu wa Pangoni, waliolala miaka mia tatu na tisa. Rasimu za Tolkien, ambazo mwanawe Christopher alizichapisha mwaka 1989, zaonyesha kwamba yeye naye aliijaribu mipango kadhaa, ukiwamo ule wa wakati kusimama kabisa ndani ya msitu. Mwishowe aliuacha. Kwa maoni yangu alifanya vema, kwa kuwa saa iliyosimama ni muujiza tu, ilhali saa inayoendelea huku majani hayanyauki ni jaribio la kumpokonya wakati kazi yake.

Jaribio hilo lina gharama. Binadamu akiishika mojawapo ya Pete za nguvu hafi, lakini hapati uhai zaidi, bali anadumu tu mpaka kila dakika inakuwa mzigo. Kiswahili kinatufaa hapa, kwani kudumu si sawa na kuishi. Waelfi nao hawasalimiki. Katika barua ya mwaka 1954 kwa Naomi Mitchison, mwandishi wa Scotland ambaye baadaye alipokewa na Wakgatla wa Botswana kama mama yao, Tolkien aliwafananisha na watu wanaoipaka maiti dawa isioze.

Na hapa ndipo isimu inapoingia. Tolkien aliwatungia Waelfi lugha mbili zitokazo katika asili moja: Kikwenya, kilichobaki kuwa lugha ya elimu na sherehe mithili ya Kilatini, na Kisindarin, kilichosemwa kila siku. Mti ni alda katika Kikwenya na galadh katika Kisindarin. Mwanaisimu wa Kibantu atautambua mara moja uhusiano wa namna hiyo, kama ule wa ndia ya Kiamu na njia ya Kiunguja. Majina ya Pete Tatu yote ni ya Kikwenya, yaani ya lugha iliyohifadhiwa. Lakini Kiambatisho E cha riwaya chatuarifu kwamba neno vilya, lenye maana ya hewa, zamani lilikuwa wilya. Pete iliyofuliwa ili kuzuia mabadiliko yaitwa kwa jina ambalo sauti yake ya kwanza imekwisha kubadilika! Sidhani kwamba Tolkien alikusudia kejeli. Hata hivyo, mtu aliyeitumikia fani hiyo miaka mingi hangeweza kutunga lugha isiyobadilika, hata kwa viumbe wasiokufa.

Sisi nasi tunayo maswala yetu ya Lothlórien. Tangu Kamati ya Lugha ilipoundwa mwaka 1930 na Kiunguja kufanywa msingi wa usanifishaji, Kiamu na Kimvita vimelindwa zaidi na tenzi kuliko madarasa, na wapo wanaotaka tenzi hizo zisiguswe hata katika tahajia. Swala hilo litamkabili kwa vitendo mfasiri atakayeitia riwaya hii katika Kiswahili. Akimpa Galadriel Kiswahili sanifu, umbali wa kale utapotea. Akimpa mato, ndia na moya za washairi wa Lamu, msomaji wa bara atamwona Bibi huyo kuwa mgeni, na msomaji wa Lamu atamwona kuwa jirani. Mimi ningemchagulia Kiamu, na kumwachia Sam Kiswahili cha sokoni.