Mzuka Akivuliwa Shela

Usiku wa mvua kubwa, daktari kijana aendesha gari peke yake. Ghafla, mbele ya taa, amwona mwanamke aliyevaa nguo nyeupe amesimama katikati ya barabara. Amhurumia, ampakia. Mara waipa za gari zaacha kufanya kazi, kioo chajaa maji, na daktari haoni njia. Mwanamke amwambia asiwe na wasiwasi, kwani yeye aiona. Basi amwelekeza huku na huku mpaka wafika penye makaburi. Lango lafunguka lenyewe. Mwanamke ashuka, aingia ndani, atoweka.

Hiyo ni "Woh Kaun Thi?", yaani "Yule alikuwa nani?", senema ya Kihindi iliyoongozwa na Raj Khosla mwaka 1964. Stelingi wake ni Manoj Kumar, na mwanamke wa nguo nyeupe ni Sadhana. Watu wazima wa Mwambao wanaokumbuka enzi ya picha za Kihindi, majumba kama Naaz na Regal ya Mombasa yalipokuwa yakijaa watu, hawana haja ya kusimuliwa jinsi ukumbi unavyonyamaza kimya penye kisa kama hiki. Wajuao Kihindi na wasiokijua walitetemeka pamoja.

Lakini kuogopa peke yake si kazi kubwa. Hata paka akiangusha sufuria usiku, mtu huogopa. Jambo lililozifanya picha za namna hii zikumbukwe ni mwisho wake, pale mtazamaji anapogundua kwamba kwa muda wote ule alikuwa akitazama upande sio. Ndugu msomaji ambaye bado hujaziona na ungependa kushtuliwa, twakuomba radhi mapema, kwa kuwa hapa siri zitafichuliwa.

JUMBA LENYE SAUTI

Tuanze na mama yao, "Mahal" ya mwaka 1949. Ndiyo picha ya kwanza kuongozwa na Kamal Amrohi, na ilitoka katika kampuni ya Bombay Talkies. Hari Shankar, ambaye ni Ashok Kumar, ahamia katika jumba la kale, na humo akuta picha ya mwenye jumba wa zamani, marehemu, iliyofanana naye kama maji na maji. Usiku asikia mwanamke akiimba. Mwanamke huyo, Madhubala, ajitaja kuwa ni Kamini, mpenzi wa yule marehemu, aliyemngoja hata baada ya kifo. Basi mwanamume akili zamruka. Aozwa mke, Ranjana, lakini moyo wake umebaki jumbani kwa kizuka. Mke huyo ateseka hata ashindwa kuvumilia, anywa sumu, na kabla ya kukata roho amtupia mumewe lawama.

Mahakamani ndipo fundo linapofunguka. Kamini hakuwa kizuka. Alikuwa ni Asha, binti wa mtunza bustani wa jumba lile, aliyekua akikisikia kisa cha wapenzi wawili hata naye akatamani kuwamo ndani yake. Mchezo wa msichana umegharimu roho ya mke asiye na kosa, na Hari Shankar mwenyewe, ijapokuwa mwishowe aachiliwa, afa bila kumpata aliyempenda. Mzuka ulikuwa wa uongo, lakini kaburi la Ranjana lilikuwa la kweli.

Miaka 13 baadaye ikatoka "Bees Saal Baad", yaani "Baada ya miaka ishirini", ya mwaka 1962, iliyoongozwa na Biren Nag. Hapo twaambiwa kwamba roho ya msichana aliyedhulumiwa na bwana mkubwa yazunguka mabwawani usiku, ikiwaua wanaume wa ukoo ule mmoja baada ya mwingine. Mrithi kijana, Biswajeet, arudi nyumbani na kila mtu amwonya. Mwisho wake? Hapana roho. Kuna binadamu aliye hai, mwenye uchungu wa dhuluma ile, aliyejificha nyuma ya hadithi ili alipe kisasi.

Sasa turudi kwa daktari wetu. Baada ya usiku ule wa mvua, aendelea kumwona mwanamke yule. Aitwa nyumba moja kutibu mgonjwa, na mgonjwa ni yeye, naye ameshakufa. Aoa mke aliyechaguliwa na mamake, na afunuapo shela, uso ni ule ule. Daktari aanza kuamini kwamba amerukwa na akili, na hilo ndilo lililokusudiwa. Kuna mali anayotarajia kuirithi, na sharti la wasia ni kwamba mrithi awe na akili timamu. Ndugu yake wa ukoo, Ramesh, ambaye ni Prem Chopra, ndiye aliyeupanga mchezo wote. Na yule mke maskini hakuwa na hatia yoyote. Alikuwa na pacha wake, na pacha ndiye aliyekuwa akitumwa kuvaa nguo nyeupe.

Angalia ufundi wake. Habari ya urithi haikufichwa. Ilitajwa waziwazi, lakini sisi tulikuwa tumeshughulika na makaburi. Na sauti nayo ilisaidia kutulevya. Katika picha hizi zote, wimbo wa mwanamke wa ajabu uliimbwa na mtu mmoja, Lata Mangeshkar, aliyefariki mwaka 2022. Watazamaji walitoka ukumbini wakiuvumisha wimbo njiani. Si ajabu kwamba mahadhi ya picha za Kihindi yaliingia katika taarabu ya Mombasa, na waimbaji kama marehemu Juma Bhalo wakapata sifa kubwa kwayo.

MZUKA WA KWELI

Iko picha moja iliyoligeuza fumbo juu chini. Mhariri wa "Mahal" alikuwa Bimal Roy, na mwaka 1958 yeye mwenyewe aliongoza "Madhumati". Msichana wa milimani, Vyjayanthimala, amekufa kwa sababu ya udhalimu wa tajiri mmoja, na hakuna ushahidi. Mpenzi wake, Dilip Kumar, akutana na mwanamke mwingine aliyefanana na marehemu, amwomba ajifanye kizuka ili tajiri aogope na kukiri. Usiku wa ahadi, mwanamke aja. Tajiri atetemeka na kuyasema yote. Kazi imekwisha. Punde mlango wafunguka, na aingia yule mwanamke aliyeombwa, akitaka radhi kwa kuchelewa!

Hapo mtazamaji nywele zamsimama. Picha hiyo yaendelea na itikadi ya Kihindu ya kuzaliwa mara ya pili, nayo si itikadi yetu. Lakini tazama jambo moja. Kizuka pekee aliyekuwa wa kweli katika picha hizi nne hakuja kumdhuru mtu asiye na kosa. Alikuja kudai haki. Waliowadhuru wasio na kosa ni wale vizuka wa uongo.

Sisi Waislamu hatukani kuwapo kwa majini. Wametajwa katika Kurani, na iko sura nzima yenye jina lao. Lakini kuamini kwamba wapo ni jambo moja, na kumwamini kila ajaye na habari zao ni jambo jingine. Sura ya Hujurat yatuamuru kuihakikisha habari tuletewayo na mtu asiye mwaminifu, tusije tukawadhuru watu kwa ujinga. Na sheria ya mirathi yasema kwamba muuaji hamrithi aliyemuua. Sheria hiyo yajua kwamba mali yaweza kumharibu hata aliye karibu nawe.

Haya si mambo ya Bombay peke yake. Katika Kilifi, kwa miaka mingi, wazee wamekuwa wakisingiziwa uchawi na kuuawa, na mara nyingi nyuma ya maneno hayo umeonekana ugomvi wa ardhi ya urithi. Mvi za mzee zageuzwa ushahidi, na macho yake mekundu ya moshi wa jikoni yageuzwa ushahidi. Hakuna pazia litakalofunguliwa mwishoni, wala mahakama ya senema itakayomsafisha. Akishazikwa, amezikwa, na shamba lina mwenyewe mpya.

Daktari wa "Woh Kaun Thi?" aliuliza usiku na mchana yule alikuwa nani, na swali hilo lilikaribia kumtia wazimu. Lau angeuliza nani atafaidika yeye akiwa mwendawazimu, angempata Ramesh mapema. Swali hilo latufaa na sisi, siku tutakapoambiwa kwamba bibi mmoja mtaani ni mchawi. Kabla ya kuuliza amemroga nani, tuulize shamba lake linapakana na la nani.