Kwa Nini Viazi Hugoma Kwenye Nyanya

Msomaji wa Arusha ameniandikia, na barua yake ina hasira kidogo. Alipanga viazi mviringo vilivyokatwa vipande vyembamba na nyama ya kusaga, tabaka juu ya tabaka, akamwagia rosti ya nyanya iliyokolezwa ndimu, akasukuma trei kwenye oveni ya nyuzi 180. Saa moja na nusu baadaye nyama imelainika, juu pamepata rangi nzuri, wageni wamekaa mezani, na viazi bado vinalia chini ya meno. Anauliza kama oveni yake ni mbovu.

Oveni ni nzima. Mkosaji ni nyanya, akisaidiwa na ndimu.

Ile rangi ya kahawia ya juu naiacha. Waandishi wa mapishi hawaishi kuisimulia, na Mfaransa Louis-Camille Maillard, aliyeieleza kemia yake mwaka 1912, ameshapata sifa zake za kutosha. Mimi navutiwa na kilicho ndani ya kiazi.

Ili tuseme kiazi kimeiva, lazima mambo mawili yatokee. La kwanza ni la wanga: chembe zake hunywa maji na kuvimba joto likifika nyuzi 60 na kidogo. Hilo hutokea hata kwenye nyanya, bila taabu. La pili ni seli kuachana. Kila seli imeshikamanishwa na jirani yake kwa kitu kiitwacho pektini, na isipolegea, kiazi kitabaki kigumu hata kama wanga wake umeiva zamani. Nilitamani kuipa pektini jina la kwetu. Utomvu haufai, maana utomvu hutiririka. Gundi imekaribia, lakini gundi mtu huipaka kutoka nje, na hii imo ukutani tangu kiazi kikiwa shambani. Nimesalimu amri, ni pektini.

Ukitaka kuiona kazi yake, simama Lamu au Mji Mkongwe wa Unguja mbele ya ukuta mkuukuu uliobanduka lipu. Utaona mawe ya matumbawe, makubwa kwa madogo, hakuna linalolingana na mwenzake, na katikati yake chokaa. Mawe ndiyo seli, chokaa ndiyo pektini. Lipu ikiwa nzima, ukuta hukaa vizazi na vizazi. Ikianguka, mvua huingia, chokaa humong'onyoka, na siku moja mawe hushuka yakiwa mazima. Kiazi kilichoiva sawasawa nacho huvunjika hivyohivyo: seli nyingi hazipasuki, zinaachana tu. Na mfanano huu hauishii kwenye sura. Chokaa hutokana na matumbawe yaliyochomwa, na kiini chake ni kalsiamu. Minyororo ya pektini nayo hushikana kwa kalsiamu hiyohiyo. Fundi wa Lamu na mmea wa kiazi wamechota ghala moja.

Mvua ya jikoni ni maji ya moto. Joto huikata minyororo ya pektini vipande vifupi, vikayeyuka na kuondoka. Lakini mkato huo huchagua mazingira: kadiri asidi inavyozidi, ndivyo unavyozorota. Kiazi chenyewe kina pH ya 6 hivi, nyanya iko kati ya 4 na 5, ndimu kati ya 2 na 3. Ndani ya rosti ile pektini ilikuwa imepata hifadhi. Wanaopika maharage au makande kwa magadi wanaujua upande wa pili wa jambo hili bila kufundishwa na mtu: magadi ni alkali, nayo huharakisha kukatika kwa pektini, kisha huinyang'anya kalsiamu yake.

Sasa nije kwenye sehemu ninayoipenda kuliko zote. Kiazi kina kimeng'enya chake, pektini methilesterazi. Kikiwa sokoni kimetulia. Kati ya nyuzi 50 na 70 kinachangamka. Hubandua vikundi vya methili kwenye mnyororo wa pektini, na kila palipobanduliwa kalsiamu hupata pa kushika. Tena ule mkato wa joto huhitaji methili ili uanze, kwa hiyo pektini iliyovuliwa methili haikatiki kwa urahisi. Turudi ukutani: umeomba mvua, lakini kabla haijanyesha fundi ameyaona mawingu, amepanda jukwaa na kuziba kila ufa. Joto likizidi kupanda kimeng'enya hufa, ila ukarabati wake unabaki.

Na hakuna kinachomfaa fundi huyo kama trei nzito iliyopangwa ikiwa baridi. Katikati yake hupanda joto polepole mno, ikakaa muda mrefu kwenye nyuzi zilezile anazozitaka. Arusha nako, karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi, na ndani ya trei yenye mchuzi joto halivuki hapo, hata oveni ionyeshe 180.

Nyama haina malalamiko. Ugumu wake unatokana na kolajeni, si pektini, na asidi huilegeza kolajeni. Nyanya ileile inayomsaidia mmoja inamgomesha mwenzake ndani ya trei moja.

Mapishi ya wenzetu wa mbali yamelikwepa tatizo hili. Hotpot ya Lancashire, Uingereza, ni nyama ya kondoo, vitunguu na viazi vya vipande juu, ikiokwa polepole kwa supu, na kwa kawaida haina nyanya. Shepherd's pie hufunikwa kwa viazi vilivyokwisha kuchemshwa na kupondwa. Wagiriki wanaoweka viazi kwenye musaka aghalabu huvikaanga kwanza, kisha ndipo nyama yenye nyanya inapofuata. Aina ya kiazi nayo ina neno lake, ila tusiende huko.

Kwa hiyo, dada wa Arusha, vipande vya viazi vitie kwenye maji yenye chumvi ambayo tayari yanatokota, yasiwe ya baridi, uviache hadi kisu kipite bila kubishana. Vichuje, ndipo uvipange na rosti yako yenye nyanya. Oveni ibaki na kazi ya nusu saa tu: kupasha moto, kuunganisha ladha na kutia rangi. Ndimu ikamuliwe mezani.