Mbweha wa Siberia na Tembo wa Uele: Kufuga Si Kuzoeza

Kitenzi kufuga, kama kinavyotumika kila siku katika Kiswahili, hubeba mambo mawili ambayo wataalamu wa wanyama huyatenganisha. La kwanza ni kumzoeza mnyama mmoja aliyekamatwa porini mpaka aache kumwogopa binadamu; la pili ni kuubadilisha ukoo mzima, kizazi baada ya kizazi, mpaka mtoto azaliwe akiwa na mwelekeo wa kukaa na watu. Tumbili mchanga aliyefungwa kamba uani amezoezwa tu, na siku atakapozaa, mtoto wake atakuwa mnyama wa porini sawasawa na bibi yake. Mbuzi anayeranda karibu na stesheni ya Bukama, nchini Kongo, akila maganda ya ndizi na kupisha baiskeli bila kushtuka, hakufundishwa na mtu yeyote, kwa kuwa utulivu huo aliurithi. Tofauti hiyo ndiyo iliyoamua matokeo ya majaribio mawili makubwa ya karne ya 20, moja lililofanyika Kongo na jingine Siberia.

Kisa cha Siberia kinadai kwanza ufafanuzi wa jina. Neno mbweha, kwa wasemaji wa Afrika Mashariki na Kongo, humtaja yule mnyama wa mbugani anayezurura na kulia usiku, ambaye kwa nasaba yuko karibu zaidi na mbwa kuliko alivyo karibu na mbweha wa nchi za baridi. Huyu wa nchi za baridi ana mkia mnene uliojaa manyoya, na ngozi yake imewatajirisha wafanyabiashara wengi wa Ulaya na Kanada. Aina iliyotumika katika jaribio ni ile yenye manyoya meusi yaliyotiwa weupe kwenye ncha, ambayo wafanyabiashara huiita mbweha wa fedha.

Mwanzilishi wa jaribio alikuwa Dmitri Belyaev, mtaalamu wa jenetiki, yaani elimu ya jinsi sifa za wazazi zinavyopita kwa watoto. Katika Muungano wa Kisovieti wa zama za Stalin elimu hiyo ilipigwa marufuku, na gharama yake Belyaev aliifahamu nyumbani kwao, kwani kaka yake Nikolai, naye mtaalamu wa jenetiki, alikamatwa na kupigwa risasi mwaka 1937, na yeye mwenyewe alipoteza wadhifa wake mwaka 1948. Alipohamia Novosibirsk, huko Siberia, na kuanza jaribio mwaka 1959 katika Taasisi ya Sitolojia na Jenetiki, utafiti ule ulitambulishwa kwa wakubwa kama uchunguzi wa fiziolojia ya wanyama wa manyoya, jambo ambalo halikuwa uongo, ingawa halikuwa ukweli wote. Uendeshaji wa kila siku alimkabidhi Lyudmila Trut, wakati huo mwanasayansi kijana, ambaye aliendelea nao baada ya Belyaev kufariki mwaka 1985, mpaka naye alipofariki mwaka 2024.

Swali la Belyaev lilitokana na jambo ambalo Charles Darwin alikuwa amelijadili kwa kirefu katika kitabu chake cha mwaka 1868 kuhusu wanyama na mimea ya kufugwa. Mbwa, nguruwe, ng'ombe, sungura na mbuzi, ambao kwa asili hawafanani, hupata sifa za aina moja wakishafugwa: mabaka meupe, masikio yanayolegea, mikia inayojikunja, nyuso zinazofupika, na uzazi usiofungwa na msimu. Ni vigumu kuamini kwamba wafugaji wa kale, katika nchi zilizo mbali mbali, wote walipenda masikio yaliyolegea. Belyaev alifikiri kwamba walichagua kitu kimoja tu, nacho ni upole, na kwamba mengine yaliufuata upole bila kuitwa.

Jaribio lilianza na mbweha madume 30 na majike 100, wengi wao wakitoka katika shamba la manyoya la Estonia. Namna ya kuwapima ilikuwa nyepesi kiasi cha kushangaza. Mtoto wa mbweha alipotimiza mwezi mmoja, mtafiti alisogea penye kizimba, akanyoosha mkono wenye chakula, na huku mnyama akila alijaribu kumshika na kumpapasa. Zoezi hilo lilirudiwa kila mwezi hadi mnyama alipofikia miezi sita au saba, kisha akapewa daraja lake. Wa daraja la tatu walikimbilia pembeni au walitia meno; wa la pili walikubali kushikwa, lakini kama mtu anayekubali sindano; wa la kwanza walitikisa mkia na kulialia. Kufikia kizazi cha sita ilibidi daraja jipya liongezwe juu ya hayo, la mbweha waliomtafuta mtu wenyewe, wakamnusa na kumlamba kama mbwa. Kwa kila kizazi dume mmoja hivi kati ya 20 na jike mmoja hivi kati ya watano ndio walioruhusiwa kuzaa. Jambo la msingi ni kwamba hawakufundishwa. Muda wao wa kukutana na watu ulibanwa kwa makusudi, ili upole utakaoonekana usiweze kuitwa mazoea.

Katika kizazi cha 10, mbweha 18 katika kila 100 walikuwa wa daraja la juu kabisa. Katika kizazi cha 20 walifika 35, na Trut alipotoa taarifa ya miaka 40 ya kazi hiyo mwaka 1999, baada ya mbweha wapatao 45,000 kuzaliwa, walikuwa kati ya 70 na 80. Wakati huohuo miili ilianza kubadilika. Doa jeupe lilitokea kwenye paji la uso, masikio ya baadhi yao yalichelewa kusimama, na mikia ilijikunja kuelekea mgongoni. Damu nayo ilitoa ushahidi: kiasi cha kotisoli, homoni ambayo tezi zilizo juu ya figo huimwaga mwilini mnyama anapotishika, kilishuka hadi nusu baada ya vizazi 12, na baadaye kikashuka tena. Kuanzia mwaka 1970 ulianzishwa pia ukoo wa kinyume, uliochaguliwa kwa ukali, na mbweha wa ukoo huo humrukia mtu anayekaribia mpaka wavu wa kizimba utetemeke.

Maelezo yanayojadiliwa sana kuhusu mfungamano huo wa hofu na madoa yalitolewa mwaka 2014 na Adam Wilkins, Richard Wrangham na Tecumseh Fitch. Katika kiinitete, yaani mimba ikiwa bado changa, liko kundi la seli linalotokea mahali uti wa mgongo unapoanza kuumbika, kisha husafiri kwenda sehemu mbalimbali za mwili. Baadhi huwa rangi ya ngozi na manyoya, nyingine gegedu la masikio na mifupa ya taya, na nyingine sehemu ya tezi za hofu. Mfugaji anayemchagua mnyama asiye mwoga huenda anachagua, bila kujua, mnyama ambaye seli hizo zilisafiri chache au kwa kuchelewa, na upungufu huo ukaonekana pia kwenye ngozi na masikio.

Isidhaniwe, hata hivyo, kwamba mambo yamekwisha. Katika makala iliyochapishwa mwaka 2020, Kathryn Lord na wenzake walikumbusha kwamba mbweha wa Estonia hawakuwa wa porini hata kidogo, kwa sababu nasaba yao inarudi kwenye mashamba ya Kisiwa cha Prince Edward, Kanada, ambako mbweha walizalishwa kwa ajili ya manyoya tangu mwishoni mwa karne ya 19, na madoa meupe yalikuwa yakionekana huko zamani. Pingamizi hilo ni zito, na linaidhoofisha hadithi ya madoa na masikio. Haliigusi hadithi ya upole, ambayo namba zake zimesimama.

Kongo ilikuwa imelitangulia jaribio hilo kwa miaka karibu 60, kwa mnyama mkubwa zaidi na kwa nia ya kazi, si ya elimu. Mfalme Leopold II wa Ubelgiji alitaka tembo wa kubeba mizigo mahali ambapo ndorobo, inzi aenezaye ugonjwa wa nagana, huua farasi na ng'ombe. Mwaka 1879 tembo wanne kutoka Bara Hindi walishushwa Msasani, karibu na Dar es Salaam, ili wafike Karema kwenye Ziwa Tanganyika, na msafara huo uliishia katika vifo vya wanyama na, mwaka 1880, kuuawa kwa kiongozi wake, Frederick Carter. Baadaye mfalme aliamuru tembo wa Kongo wenyewe wakamatwe. Kazi hiyo alipewa ofisa Jules Laplume, aliyeanza mwaka 1900 huko Kira Vunda katika nchi ya Uele, kisha kituo kikahamia Api. Mwaka 1927 kituo kingine kilifunguliwa Gangala-na-Bodio, karibu na mahali ambapo Hifadhi ya Taifa ya Garamba ingeundwa mwaka 1938.

Ustadi wa vituo hivyo ulistahili sifa zake. Kundi lilitishwa kwa milio ya bunduki, tembo mdogo akatengwa na kufungwa kamba miguuni, kisha akabanwa katikati ya tembo wawili wakubwa waliokwisha kuzoea, ambao walimsukuma na kumtuliza mpaka kambini. Huko alipewa mtunzaji wake, aliyemlisha, kumwogesha na kumwimbia jioni, na baada ya miezi kadhaa mnyama ambaye watu wa Ulaya walidai hafundishiki alikuwa akivuta mikokoteni na kulima mashamba. Waliofanya kazi hiyo walikuwa hasa Wazande, na ni wao, kuliko maofisa wanaoonekana katika picha za zamani, waliothibitisha kwamba tembo wa Afrika huzoezeka.

Lakini tembo yule alizoezwa, hakufugwa. Vituo vilitegemea kukamata, si kuzalisha, na kila tembo mpya alitoka porini akiwa na hofu ileile ya yule wa mwaka 1900, kwa hiyo kazi ya Laplume ilirudiwa toka mwanzo kwa kila mnyama. Hesabu ya uzazi pia haikuruhusu vingine. Mbweha jike huzaa akiwa na mwaka mmoja, lakini tembo hubeba mimba kwa miezi 22 na huanza kuzaa akiwa amepita miaka 10, hivi kwamba kizazi kimoja kinakaribia miaka 25. Kama Laplume angeanza kuchagua wazazi kwa kanuni ya Novosibirsk, kizazi cha 40 kingezaliwa karibu na mwaka 2900. Ghasia zilizofuata uhuru zilipofika Uele katika miaka ya 1960, zilikuta ujuzi uliokaa vichwani mwa watunzaji na hakuna hata chembe iliyokaa katika damu ya tembo. Watu walipotawanyika, ujuzi ulitawanyika nao.

Wasomaji wa Bukama wana mfano wa karibu zaidi. Katika Hifadhi ya Taifa ya Upemba, iliyoundwa mwaka 1939, wanaishi punda milia wa mwisho wa Kongo, ambao ni ndugu wa punda wa kawaida. Punda huyo alifugwa barani Afrika yapata miaka 7,000 iliyopita, kwa mujibu wa uchunguzi wa jeni uliochapishwa mwaka 2022. Ndugu yake mwenye milia amebaki porini. Daktari Mgoa Rosendo Ribeiro alizunguka mitaa ya Nairobi mwanzoni mwa karne ya 20 akiwa amempanda punda milia, na wakoloni wa Kijerumani katika Tanganyika walitarajia makuu kutoka kwa wanyama hao kwa kuwa huivumilia nagana. Hakuna aliyedumu kuchagua wazazi kwa vizazi vya kutosha, na punda milia, anayeuma bila kuachia, hakumpa mtu sababu ya kuwa na subira.

Kinachofanyika katika nyua za Bukama, mji ambao reli kutoka Lubumbashi iliufikia mwaka 1918 na ambako meli za Lualaba huanza safari ya kushuka kuelekea Kongolo, ni kanuni ileile ya Belyaev, mara nyingi ikiwa imegeuzwa kichwa chini. Darwin aliita uchaguzi usiokusudiwa ule unaofanywa na mtu asiye na mpango wa kubadili ukoo, ila anayeamua tu nani auzwe, nani achinjwe na nani abaki. Mbwa anayeuma watoto wa nyumbani huuawa kabla ya kuzaa, na kwa njia hiyo upole unalindwa. Beberu mkubwa kuliko wote, kwa upande mwingine, hupakiwa kwenye treni au mashua kwa sababu ndiye mwenye bei, na majike hubaki kupandwa na yule mdogo aliyekosa mnunuzi. Mfugaji akilalamika baada ya miaka 10 kwamba mbuzi wa siku hizi ni wadogo, analalamikia chaguo lake mwenyewe. Mzunguko wa joto wa mbuzi jike hurudi kila baada ya siku 21 hivi, kwa hiyo beberu anayestahili bei kubwa na aachwe pamoja na majike siku 42 kamili kabla ya kupelekwa stesheni.